Mgongo Wazi: Jicho la Kamera katika Filamu za Hubert Sauper

Hubert Sauper, aliyezaliwa Tyrol nchini Austria mwaka 1966, ni mtunzi wa filamu za hali halisi ambaye aghalabu huishika kamera mwenyewe. Makala haya yanaichunguza zaidi filamu yake Darwin's Nightmare (2004), ambayo mandhari yake ni Mwanza. Inasomwa hapa kutoka upande wa Kenya, yaani Mbita katika Homa Bay na Muhuru katika Migori, ambako samaki ni yule yule na minofu yake husafirishwa Ulaya vile vile.

Chimbuko la filamu hiyo limo katika kazi iliyoitangulia, Kisangani Diary (1998), inayowafuata wakimbizi wa Rwanda kando ya reli kusini mwa Kisangani mwaka 1997. Kwa maelezo ya Sauper mwenyewe, ni wakati huo alipoziona ndege mbili kubwa: moja ikileta chakula cha msaada, nyingine ikipeleka samaki Ulaya. Kinaya hicho ndicho kiini cha utunzi wake.

Kifani, Darwin's Nightmare haina sauti ya msimulizi. Maana huzaliwa na mpangilio wa picha. Mlinzi wa usiku mwenye upinde na mishale ya sumu anaizungumzia vita kama nafasi ya ajira. Rubani anakumbuka kupeleka silaha Angola, kisha kubeba zabibu za Wazungu. Mtazamaji ndiye anayeunganisha. Nguvu ya filamu imo humo, na udhaifu wake pia, kwani kinachodokezwa kuhusu silaha hakionyeshwi kikishushwa Mwanza.

Ubishi haukukawia. Mwaka 2006 filamu iliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar. Mwaka huo huo Rais Jakaya Kikwete aliilaumu kwa kuichafua Tanzania. Nchini Ufaransa, mwanahistoria François Garçon aliushambulia ukweli wake. Sauper akamshtaki kwa kashfa na kushinda mwaka 2008. Hata hivyo, hukumu ya kashfa si hukumu ya usawiri. Swali la mhakiki limebaki: watu wa ziwa wamechorwaje?

Jibu linaweza kutafutwa katika mabaki ya samaki, yaani kichwa na mifupa inayosalia baada ya minofu kuondolewa. Mwanza huitwa mapanki. Upande wa Kenya huitwa mgongo wazi. Kamera ya Sauper inaona funza, moshi na uozo. Haikai vya kutosha na mwanamke anayenunua mabaki hayo, akayakaanga kwa mafuta na kupiga hesabu ya faida. Jina lenyewe lina mzaha wa watu wanaoijua hali yao. Lakini haki itendeke: jina hilo hilo linakiri kwamba nyama imekwenda kwingine. Linaisahihisha filamu na kuishuhudia kwa pamoja.

Upungufu huo unatokana na istiari kuu. Sangara, yaani mbuta kwa Wajaluo, aliyeingizwa ziwani katika miaka ya 1950, amewamaliza fulu wengi. Kadhalika soko la dunia linawameza wanyonge. Istiari hiyo inawafanya wakazi wote wa pwani kuwa fulu. Kwa mvuvi wa Mbita, mbuta ni mharibifu wa ziwa na pia mlipaji wa karo. Filamu inashika upande mmoja wa ukweli huo.

Yaelekea Sauper mwenyewe alikua. Katika We Come as Friends (2014) anatua Sudan kwa ndege ndogo aliyojitengenezea, na jicho la kamera linawageukia wageni: wachimba mafuta, wamisionari, na hata mtunzi mwenyewe. Katika Epicentro (2020), watoto wa Havana wanaijadili picha na nguvu zake. Aliyepigwa picha sasa anasema kuhusu kupigwa picha. Hiyo ndiyo nafasi ambayo wenye ziwa hawakupewa mwaka 2004, na filamu inayoistahili Homa Bay na Migori haina budi kuanzia hapo.