Jicho na Sikio: Utazamaji wa Licínio Azevedo na Pwani ya Wamwani

Licínio Azevedo aliingia katika filamu kupitia uandishi wa habari. Katika Hóspedes da Noite (2007), kamera yake inakaa na wakazi wa Grande Hotel ya Beira, jengo lisilo na umeme wala maji. Wao wenyewe ndio wanaolisimulia. Subira hiyo ni adimu katika picha za pwani ya Cabo Delgado, ambako tangu shambulio la Mocímboa da Praia la Oktoba 2017 Mmwani huonekana zaidi kama mkimbizi. Hata hivyo, subira ya jicho haitoshi. Anayemrekodi Mmwani bila kuelewa Kimwani humgeuza kuwa mandhari. Sera ya kuhifadhi kumbukumbu za vita hivi ianze na sikio: kunukuu Kimwani kwanza, kutafsiri baadaye.