Alama Kati ya Majina Mawili ya Watunzi

Msafiri atokaye Lusahunga hufika Benaco, wilayani Ngara, akakuta njia panda: mkono mmoja huelekea Rusumo, mpakani mwa Rwanda, na mwingine mjini Ngara na mpaka wa Burundi. Asemaye kwamba atakwenda "Rusumo na Ngara" hakusema sawa na asemaye "Rusumo au Ngara". Tofauti hiyo ni dhahiri njiani, bali hupotea katika maandishi ya nyimbo, ambamo majina ya watunzi wawili hutiwa alama kati yake pasipo kufikiri.

Kistari kifupi huunga sehemu za jina moja. Nashil Pichen na Peter Tsotsi walikuwa watu wawili waliotoka Zambia wakaimba pamoja mjini Nairobi katika miaka ya 1960. Lakini "Pichen-Tsotsi" husomeka kama jina la ukoo wa mtu mmoja. Kuyaweka majina bila alama yoyote ni kubaya zaidi, maana Mswahili alionapo majina yamefuatana huyachukua ya baadaye kuwa ya baba na babu. Mstari wa mshazari nao husomwa "au", kana kwamba mwandishi hana hakika ni nani aliyetunga.

Waingereza wamezoea kistari kirefu, kama katika "Lennon–McCartney". Alama hiyo yataja mapatano, wala si kazi: "Yesterday" aliutunga McCartney peke yake, na bado wimbo huo una majina yote mawili. Hata mpangilio wa majina una uzito. Sahani yao kubwa ya kwanza, ya mwaka 1963, ilimtanguliza McCartney. Baadaye Lennon akatangulia. Na McCartney alipolirudisha jina lake mbele katika sahani ya mwaka 2002, mabishano yalizuka.

Kiswahili kina neno fupi lifaalo kuliko vistari vyote, nalo ni "na". Lakini "na" ni ushahidi, na ushahidi waweza kuwa wa uongo. Wimbo wa "Malaika" ulijulikana kwa sauti ya Fadhili William, aliyefariki mwaka 2001, naye alijitaja kuwa mtunzi wake. Adam Salim naye alidai kuwa ni wake. Anayeandika "Fadhili William na Adam Salim" awapatanisha watu ambao hawakupatana, na anayetia mshazari aficha shauri zima ndani ya mstari mmoja. Hapo hapana alama itoshayo. Yapasa kuandika sentensi kamili, ikisema nani alirekodi na nani alidai.

Jambo hili si la urembo wa ukurasa. Kwa Mkataba wa Berne, ambao Tanzania iliingia mwaka 1994, muda wa kulindwa kwa kazi ya ubia huhesabiwa tangu kufa kwa mtunzi wa mwisho. "Na" moja isiyostahili yaweza kurefusha haki ya warithi wa mmoja, na "na" iliyoachwa yaweza kuwanyima wa mwingine.

Basi yafaa "na" iwekwe panapo ubia wa kweli tu. Na pale ambapo mmoja alitunga maneno na mwenziwe lahani, jambo hilo lisemwe wazi. Alama huonyesha njia; haiwezi kushika mahali pa ukweli.