Kusoma Mlima, Kusoma Kivuli

Julai 2018 video moja ilienea mitandaoni: wanajeshi wanawaongoza wanawake wawili na watoto wawili kwenye njia ya vumbi, mmoja wa watoto akiwa bado anabebwa mgongoni. Wanafunikwa macho, wanalazwa chini, wanamiminiwa risasi 22. Serikali ya Kameruni ikasema huo ni uzushi. Waandishi wa BBC Africa Eye wakaketi kuichunguza, na Septemba wakatoa filamu fupi iitwayo Anatomy of a Killing.

Walianza na kitu ambacho macho yenye haraka yangekipita: sekunde 40 za mwanzo, ambamo nyuma ya watu inaonekana safu ya milima. Mstari wa vilele vyake una mikunjo yake peke yake. Wakaulinganisha na sura ya ardhi ya kaskazini mwa Kameruni, saa baada ya saa, bila kupata. Ndipo Mkameruni mmoja akawadokeza: mmeangalia karibu na Zelevet, jirani na mpaka wa Nigeria? Mstari ukakubali. Hawakuridhika. Wakahakiki njia, majengo, hata miti, mmoja mmoja.

Ikabaki siku, na hapa ndipo ninapowavulia kofia. Jengo moja lililomo katika video linaonekana kwenye picha za setilaiti hadi Februari 2016 tu. Kwa hiyo mauaji hayawezi kuwa ya baadaye. Kuta za boma jingine hazikuwapo Novemba 2014, zimekuwapo Machi 2015. Kwa hiyo si ya kabla ya Novemba 2014. Kijia wanachopita hutokea msimu wa kiangazi pekee, Januari hadi Aprili. Kisha wakakipima kivuli cha askari anayetembea, urefu wake na upande kilikolalia, wakapata jua lilikuwa wapi angani. Jibu: kati ya Machi 20 na Aprili 5, 2015. Muuaji hakujua kwamba jua lilikuwa linaandika tarehe miguuni pake.

Bunduki nazo zikasemeshwa. Mojawapo ni Zastava M21 ya Serbia, adimu katika sehemu ile ya Afrika, lakini baadhi ya vikosi vya Kameruni vinayo. Serikali ilidai sare zile si za askari wa eneo lile. Wachunguzi wakakuta kwenye Facebook picha za wanajeshi wa Kameruni wamezivaa zizo hizo.

Kinachonivutia zaidi ni kwamba filamu haimwombi mtazamaji aamini tu. Mistari inachorwa juu ya picha mbele yake, hatua moja ikiisha ndipo nyingine inaanza, naye anapima mwenyewe.

Mwezi Agosti, kabla filamu haijatoka, serikali ilikuwa imekwisha kugeuza kauli na kutangaza kuwa askari saba wamekamatwa. Septemba 2020 mahakama ya kijeshi mjini Yaoundé iliwafunga wanne miaka 10, aliyerekodi video miaka 2, na wawili ikawaachia huru. Kwa roho nne, adhabu hiyo ni ndogo mno.