Maktaba Isiyokosa Kitabu

Msomaji, fikiri maktaba ambayo haikosi kitabu hata kimoja. Ndani yake kila habari iliyopata kusimuliwa, na kila habari iwezayo kusimuliwa katika ulimwengu wowote, imekwisha andikwa nayo yangoja rafuni. Wazo hilo ndilo alilolishika Jorge Luis Borges, mtungaji wa Argentina aliyezaliwa Buenos Aires mwaka 1899, alipotunga hadithi fupi ambayo kwa lugha yetu twaweza kuiita "Maktaba ya Babeli". Ilitoka kwa Kihispania mwaka 1941. Ni ya kurasa chache. Mtu aweza kuimaliza kabla chai yake haijapoa, lakini kuielewa ni kazi nyingine.

Katika hadithi hiyo maktaba ndiyo ulimwengu mzima. Ina vyumba vya pembe sita, kimoja juu ya kingine na kimoja kando ya kingine, wala hapana ajuaye mwisho wake. Watu huishi humo maisha yao yote, na wakifa hutupwa katika shimo lisilo na kina. Kila kitabu kina kurasa 410, kila ukurasa mistari 40, na kila mstari kadiri ya alama 80. Alama zenyewe ni 25 tu: herufi 22, mkato, nukta na nafasi tupu. Hapana vitabu viwili vilivyo sawa. Ukitwaa kalamu ukazidisha, utaona kwamba kitabu kimoja kina alama 1,312,000, na kwamba idadi ya vitabu vyote ni hesabu yenye tarakimu zaidi ya 1,800,000. Hesabu hiyo, ukitaka kuiandika yote, haienei katika kitabu kimoja cha maktaba ile!

Yamkini utasema kwamba hayo ni mambo ya hesabu, si ya fasihi. Waama, wazo lenyewe halikuanza kwake. Mjerumani Kurd Lasswitz alikwisha toa hadithi ya maktaba kama hiyo mwaka 1904, lakini yake ni mazungumzo ya watu wanaopiga hesabu sebuleni. Borges aliwatia watu ndani ya maktaba akatazama watakavyofanya. Hapo ndipo ustadi wake ulipo.

Kwanza wakafurahi. Walipojua kwamba kila kitabu kimo, kila mtu alijiona tajiri. Ikasemekana kwamba viko vitabu vya kumtetea kila mwanadamu na kuhalalisha matendo yake. Basi maelfu wakaviacha vyumba walimozaliwa, wakapanda ngazi, wakagombana katika mapito membamba, hata wakakabana koo. Kila mmoja akitafuta kitabu chake, wala hakukipata. Ikafuata huzuni. Wengine wakajifanya watakasaji, wakaingia chumba baada ya chumba wakifunua vitabu kwa chuki na kuhukumu rafu nzima kuwa hazifai. Wengine wakamtafuta mtu mmoja ambaye, ati, amekwisha soma kitabu kinachovieleza vyote.

Lakini nataka ukae kidogo mahali pamoja katika hadithi hii. Msimulizi asema kwamba imo orodha ya kweli ya vitabu vyote. Zimo pia maelfu kwa maelfu ya orodha za uongo, na vitabu vinavyothibitisha kwamba hizo ni za uongo, na kitabu kinachothibitisha kwamba ile ya kweli nayo ni ya uongo. Tazama neno hilo lilivyo la kutisha. Kweli haikukosekana humo; imezungukwa. Mathalani, kimo kitabu kinachosema kwamba Kenya ilipata uhuru tarehe 12 Desemba 1963. Kando yake kimo kingine, sawa nacho kwa kila mkato, ila mwaka ni mwingine. Na cha tatu chasema uhuru haukupatikana kabisa. Utachagua kipi, na kwa sababu gani? Historia uisomayo shuleni ina mwandishi, nawe waweza kuuliza alikuwa nani na habari alizipata kwa nani. Katika vyumba vile hapana wa kuulizwa. Hata mzee wetu anayeanza kwa "Paukwa!" hungoja kwanza kuitikiwa "Pakawa!", huchagua la kusema na la kuacha, na akipotoka yuko wa kumkosoa. Kwa maoni yangu, maktaba ya Babeli ina maneno yote ila haina hadithi, kwa kuwa haina aliyechagua.

Nina lawama moja. Humo hamna mama wala mtoto, hamna kicheko, wala mtu mwenye jina. Watu hujiua, naye msimulizi huwapita kama apitaye kando ya ukuta. Wako watakaosema kwamba ubaridi huo ulikusudiwa. Huenda, ila ni vigumu kumlilia mtu asiye na jina. Kinachoiokoa hadithi ni msimulizi mwenyewe: mzee ambaye macho yake karibu hayaoni tena ayaandikayo, naye ajiandaa kufa si mbali na chumba alimozaliwa. Borges alipoitunga alikuwa mtumishi wa maktaba ndogo ya mji wa Buenos Aires, akiorodhesha vitabu. Mwaka 1955 akafanywa mkuu wa Maktaba ya Taifa ya Argentina, na wakati huo macho yake yalikuwa hayawezi tena kusoma.

Mwaka 2015 Mmarekani Jonathan Basile alitengeneza tovuti kwa mfano wa maktaba hiyo. Mtu aliandika sentensi yoyote naye akaonyeshwa chumba, ukuta, rafu, kitabu na ukurasa ilipo tangu awali. Alipofungua ukurasa unaofuata, alikuta q, x, mkato, z, mkato, nafasi tupu, h.