Umeipata Wapi? Elimu ya Vyombo vya Habari na Baraza Zetu



Vijana wetu wengi siku hizi wanaingia vyuoni kusoma elimu iitwayo mawasiliano ya umma, yaani elimu inayochungua magazeti, redio, televisheni, sinema na simu: nani anasema, nani anasikia, na maneno hayo yanamfanya nini aliyeyasikia. Huko Bara, chuo cha uandishi wa habari kilichoanzishwa Dar es Salaam mwaka 1975 kilitiwa ndani ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam mwaka 2003. Hapa kwetu Unguja elimu hiyo inasomeshwa katika Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar. Basi mzazi anayejinyima ili alipe ada ana haki ya kuuliza: mwanangu anasomeshwa nini, na kitatufaa nini nyumbani? Makala haya yanakusudia kuipima elimu hiyo kwa uadilifu. Wema wake tutautaja, na upungufu wake hatutauficha.

Tuanze na msingi wake. Mwanachuoni wa Kimarekani, Harold Lasswell, aliukusanya uchunguzi huu mwaka 1948 katika mambo matano: msemaji ni nani, amesema nini, ametumia njia gani, amemwambia nani, na maneno yake yameleta athari gani. Wanafunzi duniani kote wanasomeshwa mambo haya mpaka leo, nayo ni mazuri, kwani yanaipanga akili.

Lakini mtu aliyepata kukaa mbele ya mwalimu wa elimu ya hadithi ataona mara moja palipobaki pengo. Katika matano hayo hamna swali la sita: je, hayo yaliyosemwa ni kweli? Wala hamna la saba: huyo msemaji, yeye ameyapata kwa nani? Maulamaa wetu walisimamisha elimu nzima juu ya maswali hayo mawili, karne nyingi kabla ya redio. Waliipima riwaya kwa isnadi yake, jina baada ya jina. Waliwachungua wapokezi mmoja mmoja: nani mkweli, nani mwenye kusahau, nani aliwahi kukutana na yule anayedai kumsikia. Wakaitenga habari iliyopokewa na watu wengi wasioweza kula njama ya uwongo, mbali na ile iliyopokewa na mmoja au wawili.

Sisemi kwamba elimu mbili hizi ni kitu kimoja. Hii inapima athari, na ile inapima ukweli. Nisemalo ni kwamba ya kwanza bila ya ya pili ni nusu ya kazi. Mtafiti anayetuambia kuwa watu elfu kumi wameisikiliza habari fulani, akanyamaza kuhusu ukweli wa habari yenyewe, ametuhesabia wageni waliokula na hakutuambia kama chakula kilikuwa salama.

Upungufu wa pili ni katika kuhesabu kwenyewe. Sauti ya Unguja ilianza mwaka 1951. Mwaka 1954 Redio Cairo ilianza kutangaza kwa Kiswahili, na miongoni mwa sauti zake mashuhuri alikuwa Mzanzibari, Ahmed Rashad Ali, akiupinga ukoloni wa Kiingereza. Mwezi wa Juni 1957 London nayo ikaanza matangazo yake ya Kiswahili. Mwanahistoria James Brennan, katika utafiti alioutoa mwaka 2010, ameeleza namna matangazo ya Cairo yalivyowatia wahka wakubwa wa serikali ya kikoloni katika Afrika Mashariki.

Kwa nini wahka, na hali wenye redio walikuwa wachache? Kwa sababu redio moja ya mkahawani ilikuwa ya mtaa mzima. Angekuja mtu kuhesabu masanduku ya redio, angeandika moja. Angehesabu waliokaa na vikombe vyao mkononi, angeandika idadi nyingine. Na lau angekaa mpaka redio ikazimwa, angeona jambo kubwa zaidi. Yuko anayewafafanulia wenzake yaliyosemwa. Yuko anayetia shaka, na yuko mzee anayeuliza kwa upole: hilo lina ushahidi gani? Hatimaye mtu alirejea kwake usiku akiwa na habari iliyokwisha kupita mikononi mwa wenzake, nayo ndiyo aliyowasimulia watu wa nyumbani. Redio ilileta habari mbichi, na baraza ndiyo iliyoipika.

Jambo hili wenyewe wenye elimu walikuja kuligundua, tena kwa kushangaa. Mwaka 1940 Paul Lazarsfeld na wenzake waliwafuatilia wapiga kura wa wilaya moja ya jimbo la Ohio, Marekani, ili waone redio na magazeti yanawageuzaje rai zao. Katika kitabu walichokitoa mwaka 1944 walikiri kwamba waliogeuzwa walikuwa wachache, na kwamba watu waliwasikiliza zaidi watu wenzao wanaowaamini. Mwaka 1955 yeye na Elihu Katz wakatoa kitabu kingine juu ya wanawake 800 wa mji wa Decatur, katika jimbo la Illinois. Mwanamke alipotaka kuamua jambo la nyumba yake, neno la jirani, dada au mama lilikuwa na nguvu kubwa. Naam, huo ni utafiti wa kweli, na wenyewe wanastahiki sifa, kwani waliufuata ushahidi hata ulipokwenda kinyume na walivyodhani.

Bara nako kumefanywa kazi mbili zinazofaa kusomwa na kila mwanafunzi wa fani hii. Ya kwanza ni kampeni ya Mtu ni Afya ya mwaka 1973. Watu wapatao milioni mbili walikaa katika vikundi, wakasikiliza redio, wakasoma vijitabu, wakajadiliana, kisha wakatoka na majembe. Uzuri wa kampeni ile ni kwamba redio haikuachwa peke yake, ilitafutiwa baraza. Na walioipima walikwenda vijijini kutazama nyumba kwa macho yao: choo kimechimbwa au hakikuchimbwa? Huwezi kumdanganya mtafiti kwa shimo ambalo halipo.

Ya pili ni mchezo wa redio ulioitwa Twende na Wakati, uliotangazwa na Redio Tanzania kuanzia mwaka 1993, juu ya uzazi wa mpango na maradhi ya ukimwi. Watafiti, akiwemo Everett Rogers wa Marekani, walipanga eneo la Dodoma lisirushiwe mchezo huo mpaka mwaka 1995, ili walilinganishe na maeneo mengine. Walichokikuta kinatupa funzo: mchezo ulifanya kazi kwa sababu mume na mke walizungumza, na marafiki walizungumza. Kwa mizani ya elimu, mpango huo ni safi. Kwa mizani ya uadilifu, mwanafunzi wetu aulize: ikiwa maneno yale yana faida kwa afya ya mtu, nani ana haki ya kumcheleweshea jirani yake miaka miwili kwa ajili ya hesabu? Elimu isiyojiuliza swali hilo huwafanya watu kuwa vyombo vya maabara.

Sasa turejee Mjini. Mwaka 2018 Bibi Laura Fair, mwanahistoria wa Kimarekani, alitoa kitabu kikubwa, Reel Pleasures, juu ya sinema na watazamaji wake katika miji ya Tanzania. Majestic, Sultana na Empire, majumba ambayo wenye umri wangu wanayakumbuka, yote yamo. Jambo la kusifiwa ni kwamba hakuridhika na makaratasi ya serikali. Alikwenda kwa watu, akawauliza walichokiona na walichokizungumza walipotoka. Katika uchunguzi wake ameonyesha namna filamu ya Kihindi ya Awara, ya mwaka 1951, ilivyowafanya vijana wa wakati ule wajadiliane juu ya mapenzi na juu ya ndoa wanazochaguliwa na wazee. Sisi tuliozowea kusema kuwa sinema huingia kichwani mwa kijana kama maji katika mtungi, kitabu hiki kinatulazimisha kufikiri tena. Vijana wale hawakuwa mitungi. Walibishana, wakapima, na wengi wakarejea makwao wakaoa kwa radhi za wazee wao.

Lakini kitabu cha watazamaji ni kitabu cha waliokata tiketi. Mama aliyebaki nyumbani na kumngojea mwanawe mlangoni, mwalimu wa chuo aliyeona viti vimepungua alasiri, baba aliyekataza kisha akaridhia, hao nao ni sehemu ya habari, na sauti yao inataka kitabu chake. Tena kazi yenyewe imeandikwa kwa Kiingereza, na waliotoa kumbukumbu zao ni watu wa Kiswahili. Sisemi hili kwa kumlaumu mwandishi. Lawama ni yetu, kwani tunao vijana waliosoma na wazee hawajesha wote. Mgeni ametoka mbali kuja kutuuliza babu zetu walikuwa wakizungumza nini, nasi tunaokaa nao nyumba moja hatujawauliza.

Na itazame ile baraza ya Mji Mkongwe iitwayo Jaws Corner. Jina lake limetokana na filamu ya Kimarekani ya mwaka 1975 juu ya papa mla watu. Filamu ilikuja ikapita. Kahawa ikaendelea kumiminwa, na watu wakaendelea kubishana siasa na mpira. Chombo kimeiachia baraza jina tu, na mazungumzo yamebaki kuwa ya wenyeji.

Ndugu msomaji, huenda ukasema: basi kama baraza ina nguvu hivyo, tuna hofu gani? Hofu ni kwamba baraza inaondoka. Wazee waliokuwepo Januari 1964 wanaikumbuka sauti ya John Okello ikitoka redioni, na khofu iliyoingia majumbani. Siku zile watu walijifungia ndani, na aliyejifungia ndani hana wa kumuuliza. Sauti moja ikiingia katika nyumba isiyo na pa kuipima, huwa na nguvu isiyo na mpaka.

Leo hakuna aliyetufungia, tumejifungia wenyewe, kila mmoja na simu yake. Baba yuko ukumbini, mama yuko jikoni, watoto wako vyumbani, na kila mmoja anapokea habari ambazo wenzake hawazioni. Ujumbe unakuja kwamba dawa fulani inaponesha maradhi yote, kwamba fulani amefariki, kwamba shekhe fulani amesema kadha wa kadha. Hauna jina la aliyeuandika, wala wa kwanza kuupokea. Riwaya isiyo na isnadi, na bado twaituma kwa watu hamsini kabla chai haijapoa! Hata wenye WhatsApp wameliona hilo. Mwaka 2018 walianza kuutia alama ujumbe uliopelekwa kutoka kwa mwengine, na Aprili 2020 wakaweka mpaka, kwamba ujumbe uliokwisha kupitishwa mara nyingi usipelekwe ila mahali pamoja kwa mara moja. Mashine imefundishwa kusita, na binadamu hasiti. Na Qur'ani, katika Suratul Hujurat, imekwisha kutuamrisha kuichunguza habari kabla ya kuifanyia kazi, tusije tukawadhuru watu kwa ujinga kisha tukajuta.

Basi hukumu yangu juu ya elimu hii ni hii. Ni elimu yenye faida, na mzazi asimzuie mwanawe kuisoma. Lakini isiishie katika kuhesabu wasikilizaji, kwani hesabu hiyo anaihitaji zaidi mfanyabiashara anayetaka kuuza sabuni. Mwanafunzi wetu wa Zanzibar aende Bumbwini, Makunduchi, Nungwi na Ng'ambo, akae na watu, aulize: habari hii imefikaje hapa, imepita kwa nani, nani aliitilia shaka, na ilipodhihirika kuwa ni uwongo, nani alirudi kuisahihisha? Akiandika hayo, tena kwa Kiswahili wanachokisoma wazazi wake, atakuwa ameongeza katika elimu kitu ambacho Lasswell hakukiweka.

Na sisi wenye nyumba tuna kazi ambayo haihitaji shahada. Usiku watu wakikusanyika kula, simu ziwekwe kando, na kila mmoja aitaje habari moja aliyoipata mchana ule. Kisha mkubwa au mdogo, yeyote yule, awe na ruhusa ya kumuuliza mwenzake, hata akiwa ni baba: umeipata wapi? Baba asikasirike. Akijibu kwa ushahidi, watoto wamejifunza. Akijibu kuwa hajui, wamejifunza zaidi.

Wabillahi tawfiq.