Kamera Kijiweni: Filamu za Amil Shivji

Uhakiki wa filamu katika nchi yetu mara nyingi huishia kusimulia kisa na kutaja waigizaji. Sisi tunauliza: mwongozaji amemketisha wapi mtazamaji wake? Kuongoza na kupiga picha ni kazi mbili, lakini uamuzi wa mahali pa kusimamisha kamera ni mmoja, na Amil Shivji aliufanya mapema. Kampuni aliyoianzisha aliiita Kijiweni. Na kijiwe, kama ajuavyo kila mkazi wa Kariakoo, ndipo watu wanapotafuta riziki huku wakiwajadili wakubwa.

Katika Shoeshine (2013), filamu isiyofika nusu saa, tunaketi na kijana anayeng'arisha viatu kando ya barabara ya Dar es Salaam. Wenye fedha na wenye vyeo humjia mmoja mmoja, naye kati ya brashi na kiwi anaota maisha mengine. Hakuna anayetuhutubia. Ufupi wake ndio nguvu yake.

T-Junction (2017) ni kazi kubwa zaidi, tena yenye kasoro zaidi. Fatima, binti wa baba Mhindi, amefiwa na baba ambaye hawakuwa karibu. Hospitalini anakutana na Maria, naye Maria anamsimulia habari za wenzake wa njia panda: wachuuzi, urafiki wao, na jinsi walivyopotezana. Hadithi ndani ya hadithi ina gharama yake. Kila njia panda inapochangamka, tunarudishwa hospitalini. Hata hivyo hatuwezi kuikataa njia hiyo moja kwa moja, maana Fatima, asiyeweza kumlilia baba yake, anajifunza majonzi kwa kuwasikiliza watu asiowajua.

Vuta N'Kuvute (2021), iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi, inatupeleka Zanzibar ya miaka ya 1950. Ilikuwa filamu ya kwanza ya Tanzania kuchaguliwa katika tamasha la Toronto. Picha zake zinapendeza mno. Wakati mwingine, kwa maoni yetu, zinapendeza kuliko watu waliomo.

Filamu hiyo ilionyeshwa Toronto Septemba 2021. Mwezi uliofuata wamachinga waliondolewa katika barabara za Kariakoo, na meza zao zikavunjwa. Anayetaka kuelewa kilichovunjwa pamoja na mbao zile aitazame tena T-Junction, pamoja na kasoro zake.