Radi Inapopiga: Kuisoma Kusadikika kwa Jicho la Imani

Shaaban Robert alipoandika Kusadikika mwaka 1951, aliiweka nchi nzima angani. Raia wake wanaishi hewani, na kwao ardhi ni mahali pa mbali pa kupelekwa mjumbe, kama mbinguni kulivyo mbali nasi.

Anayefungua kitabu hicho akitafuta maajabu ya anga atashangaa, kwa kuwa sehemu kubwa yake ni kesi. Karama ameshitakiwa na Waziri Majivuno kwa kosa la kuanzisha elimu ya sheria. Anajitetea kwa kusimulia habari za wajumbe sita waliotumwa zamani: Mashariki, Kaskazini, Magharibi, Kusini, Mbinguni na Ardhini. Kila mmoja alirudi na jambo la kuifaa nchi, na kila mmoja aliambulia adhabu. Mwishoni mfalme anasadiki, na haki inatendeka.

Kwa hiyo ajabu kubwa ya nchi ile si kuelea kwake hewani. Ajabu ni kwamba mshitakiwa aliachwa aseme mpaka akamaliza.

Sisi wa Kasoli tunaishi chini ya anga lenye hadithi zake. Mvua za masika zinapokuja, radi hupiga mti, na ng'ombe waliojikinga chini yake hufa pamoja. Waliosoma wanatueleza kwamba umeme wa mawinguni hufuata kilichoinuka, kisha husambaa ardhini na kuingia kwa miguu ya mnyama. Lakini kaya nyingi swali halibaki kuwa "imepigaje?" Linakuwa "nani ametuma?" Anatafutwa mpiga ramli, na mara nyingi jibu linaangukia kwa bibi mjane, ambaye macho yake yamekuwa mekundu kwa miaka ya moshi wa kuni na kinyesi cha ng'ombe. Usukuma wote unajua wazee wangapi wameuawa kwa mapanga baada ya ramli chonganishi. Bibi huyo hapewi hata saa moja ya kujitetea.

Biblia inalo tukio la namna hii. Katika Ayubu sura ya 1, moto unashuka kutoka juu na kuteketeza kondoo pamoja na wachungaji. Rafiki zake Ayubu wanakuja kumfariji, kisha wanageuka kumtafutia kosa. Mwisho wa kitabu, Mungu anawakemea wao. Na katika Yohana sura ya 7, Nikodemo anawauliza wakuu kama torati inamhukumu mtu kabla ya kumsikiliza. Ndilo swali la Karama, ingawa mwandishi wa Kusadikika alikuwa Mwislamu wa Tanga na hakuwa akituhubiria sisi.

Hata hivyo kitabu kina upungufu, nao unatuhusu. Watu wake wamepewa majina yanayotangaza tabia zao. Ukisikia Majivuno, umekwisha kujua nani mbaya. Kwetu mambo hayaji hivyo. Anayemnyooshea bibi kidole haitwi Majivuno. Pengine ni mtu mwema aliyepoteza mifugo yote kwa usiku mmoja, au baba aliyezika mtoto. Uchungu wake ni wa kweli, na kwa sababu hiyo tunamwamini upesi. Shaaban Robert hakutufundisha namna ya kumpinga mshitaki tunayemhurumia. Pia aliweka wokovu mikononi mwa mfalme mmoja mwenye kusikiliza. Kijijini mfalme huyo hayupo. Tupo sisi, wazee wa kanisa, akina mama wa kwaya, vijana.

Ndugu zangu, tunaimba kila Jumapili kwamba mbingu na radi ni za Bwana. Kama tunaamini tunachoimba, hatuwezi kukubali siku ya pili kwamba jirani yetu anaiamuru radi kutoka jikoni kwake. Msiba wa radi ukitokea, twende nyumba mbili. Ya kwanza ni ya aliyepotelewa, tukalie naye na tumchangie ndama. Ya pili ni ya yule ambaye jina lake limeanza kunong'onwa. Tukae kwake mpaka usiku upite, tumsikilize, na tumpeleke mwenyekiti wa kijiji habari kabla mapanga hayajanolewa.